Kaka, anga limeungua

Kijana anayenisaidia kuhariri video ana tabia ya kuvuta kiti mpaka pua inakaribia kugusa skrini, halafu ananuna. Juzi tulikuwa chumbani kwangu hapa Shangani, Mtwara, feni inapiga kelele, madirisha tumeyaziba kwa khanga za mke wangu ili mwanga wa nje usituharibie rangi. Akanuna dakika nzima. Kisha akasema, kwa sauti ya mtu anayekuarifu kwamba zipu yako iko wazi:

"Kaka, anga limeungua."

Nikamwambia najua.

"Yaani lote. Hakuna hata wingu. Nikivuta mwanga chini hairudi kitu."

"Najua. Nimeliunguza mwenyewe."

Alinitazama kama mtu aliyeajiriwa na mlevi. Simlaumu. Yeye kazi ameisomea YouTube, na kule anga lililoungua, yaani lililozidiwa mwanga mpaka likabaki jeupe tupu, ni dhambi ya kwanza. Mimi nina miaka ishirini na kitu nikiunguza anga za Mtwara na Lindi kwa makusudi. Siku ile sikumjibu vizuri kwa sababu njaa ilikuwa inauma na chapati zinapoa, basi namjibu hapa. Najua huwa anasoma.

Nilianza na harusi. Huku Kusini karibu kila mpiga video wa rika langu alianza na harusi, mahafali au ngoma za unyago, na anayekwambia alianza na filamu, muulize vizuri. Mwaka 2001 mjomba wangu alikuwa na kamera ya VHS ya begani, Panasonic, nzito kama mtoto wa miaka miwili aliyepitiwa na usingizi. Kwetu Wamakonde mjomba ndiye mwenye mtoto. Kwa hiyo aliposema "kuanzia kesho utanibebea betri", hakuna aliyeulizwa maoni, mimi mwenyewe nikiwa wa kwanza kutoulizwa.

Nilibeba betri mwaka mzima. Nilishika taa, nilikunja waya, nilifukuza watoto mbele ya lenzi. Siku moja mjomba akashikwa na malaria na harusi ilikuwa Mikindani, Jumamosi, pesa ya utangulizi imeshaliwa. Nikaenda peke yangu.

Bibi harusi alitoka nje saa saba mchana. Shela jeupe, nyuma yake ukuta uliopakwa chokaa, nyuma ya ukuta ghuba inang'aa kama sinia. Nilifurahi sana. Nikaweka kamera kwenye otomatiki, nikapiga mkanda mzima bila kutetereka, nikarudi Mtwara najiona fundi.

Siku tatu baadaye mama wa bibi harusi alikuja studio kuangalia. Tulimwekea kiti mbele ya televisheni. Aliangalia, akasogea, akavaa miwani, akasogea tena. Kisha akasema kwa upole kabisa, na upole ule ndio ulionimaliza: "Harusi nzuri, mwanangu. Sasa bibi harusi mwenyewe yuko wapi?"

Hakuwepo. Shela lilikuwepo, unaweza kuhesabu shanga zake. Ukuta ulikuwepo. Mashua mbili zilikuwepo kule nyuma. Katikati ya shela palikuwa na tundu jeusi lenye meno, kwa sababu binti alikuwa anacheka.

Mjomba alirudisha nusu ya pesa, akiwa bado anatetemeka homa. Hakunipiga wala hakunifokea. Aliniita uani, akazima otomatiki, akaweka mkono wake na wangu sambamba juani na kuniambia niangalie kwenye kidude cha kuchungulia. Akasema kamera haimjui mtu, inajua wastani tu. Ukiiachia ichague yenyewe, inajumlisha kila kilichomo ndani ya fremu, shela na ukuta na bahari na uso, inagawanya, halafu inatafuta kijivu cha katikati. Siku ile vitu vyeupe vilikuwa vingi kuliko bibi harusi. Kura zikapigwa, akashindwa.

"Soma mkono wako," akasema. "Mkono ukikaa sawa, uso umekaa sawa. Vingine vitajijua."

Mpaka leo, kabla sijapiga chochote, nanyoosha mkono wangu wa kushoto mbele ya lenzi kwenye mwanga uleule atakaokaa mtu. Watoto vijijini hudhani ni dua. Kamera za siku hizi zina mistari ya zebra inayokuonyesha sehemu iliyofika kiwango ulichopanga. Wenzangu wengi wanaipanga juu, iwaonye anga likianza kuungua. Yangu naipanga chini, asilimia 50 hivi, na ninaitafuta kwenye paji la uso na kwenye shavu. Ikianza kutambaa pale, nimefika. Anga wakati huo limeshajaa mistari kama godoro la jela.

Nilipokua kidogo kikazi ndipo nikajua kwamba shida ya ile harusi haikuwa yangu peke yangu. Kwa miongo mingi maabara za kusafisha picha zilipanga rangi zao kwa kutazama kadi ya Kodak yenye picha ya mwanamke mzungu. Kadi hizo waliziita Shirley. Akitoka yeye vizuri, mashine iko sawa. Malalamiko yaliyosaidia kusogeza mambo miaka ya 1970 yalitoka kwa watengeneza chokoleti na watengeneza samani, waliosema bidhaa zao za kahawia zote zinatoka rangi moja. Nikisoma hivyo huwa nacheka, kisha nanyamaza. Na hapo ng'ambo ya Ruvuma, mwendo wa siku moja kutoka hapa nilipokaa, Samora Machel aliamini sana sinema. Msumbiji ilipata uhuru mwaka 1975 na haukupita muda ikaanzisha taasisi ya filamu iliyopeleka habari za picha mpaka vijijini kwa magari. Muongozaji wa filamu Jean-Luc Godard aliitwa kule mwishoni mwa miaka hiyo kushauri mambo ya televisheni, na inasimuliwa kwamba alikataa kutumia mikanda ya filamu ya Kodak, akisema ina ubaguzi wa rangi. Ndugu zetu wa kule walikuwa wanajadili jambo hili wakati sisi huku hatujawa na televisheni. Bara tumeipata mwaka 1994, ITV ilipoanza, na Mtwara picha yake ilikuwa na chenga nyingi kuliko watu.

Lakini kusema kweli weusi sikufundishwa na vitabu, nilifundishwa na mpingo. Babu yangu alikuwa mchonga vinyago. Akimaliza kimoja alikuwa hakitazami juani. Alikiingiza ndani, anakaa mbali kidogo na mlango, anakigeuza taratibu, na mwanga wa mlangoni unateleza juu yake: bega, shavu, tumbo. Mpingo hauonekani kwa kuumulika. Unaonekana kwa kung'aa, na ili ung'ae unahitaji kitu kipana cheupe pembeni yake, kama mlango ulio wazi. Ngozi yetu hivyohivyo. Ukimpiga mtu mweusi taa kali usoni anakuwa wa majivu. Mpe mlango upande mmoja, atajichonga mwenyewe.

Shida ni kwamba ukiwa shamba huna mlango. Mlango wangu ni kifuniko cha boksi la samaki. Yale maboksi meupe mepesi ya kupakia samaki na barafu. Pale feri ya Msangamkuu vifuniko vilivyovunjika pembe hutupwa, nami huviokota. Kimoja nikikiegemeza kwenye mguu wa mtu anayehojiwa, au nikimpa mtoto ashike, kinarudisha jua usoni kwa ulaini ambao vifaa vya madukani vya bei mbaya havinizidi. Vinanuka, hilo sikatai. Kuna mheshimiwa mmoja alihojiwa na mimi dakika arobaini akiwa amekunja pua, na kwenye filamu inaonekana kama ana uchungu na hali ya wananchi.

Na jua la huku nalo lina mambo yake. Mtwara tuko kama nyuzi kumi kusini mwa ikweta, kwa hiyo kuna siku mbili kwa mwaka linatupita utosini, mojawapo Oktoba. Saa sita mchana kivuli chako unakikanyaga. Macho ya watu yanakuwa mashimo mawili. Na Oktoba ndipo korosho zinapodondoka, ndipo wenye pesa zao wanapotaka filamu ya korosho. Wenzangu wanaotoka Dar wanakunja kamera saa tatu asubuhi, wanasubiri saa kumi. Mimi naingia chini ya mkorosho. Mkorosho mkubwa matawi yake yanashuka karibu kugusa chini. Ukiinama ukaingia, uko chumbani. Ardhi ya kichanga inarudisha mwanga juu kutoka chini, nyuso zinawaka taratibu, na kule nje kati ya majani kunaungua jeupe tupu. Huko nimepiga robo ya kazi zangu zote, nadhani.

Kazi zenyewe sitazihesabu. Nilihama kutoka VHS kwenda kanda ndogo za miniDV, nikatumia miaka kadhaa nikituma habari za dakika mbili kwa kituo kimoja cha Dar ambacho kililipa kilipokumbuka. Mei 2013 mji ulipowaka kwa vurugu za kupinga bomba la gesi, kamera ilikaa chini ya kitanda. Wapo walionilaumu, na wapo ambao nikikutana nao sokoni najua kwa nini nilifanya vile. Aprili 2019 tuliambiwa kimbunga Kenneth kinakuja, watu wakahamishwa pwani na maboksi yao vichwani, na niseme ukweli wenye aibu: sijawahi kuona mwanga mzuri kama wa siku ile. Wingu moja kutoka upeo hadi upeo, kama shuka limetandazwa, kila uso umekaa. Nilipiga kama mwendawazimu. Kimbunga kikapiga Cabo Delgado, tarehe 25, kwa ndugu zetu walewale wa ng'ambo, na mimi nina picha nzuri za watu waliorudi nyumbani kwao salama.

Ninachotaka kusimulia kwa kirefu ni siku moja Newala, mwaka 2011.

Nilikuwa nimepata kamera ya Canon 5D Mark II, ya kuazima, zile zilizotoka 2008 na kuvuruga kazi yetu yote kwa sababu kamera ya picha mnato ghafla ilipiga video yenye sura ya sinema. Ilikuwa na ugonjwa mmoja: ikifika kama dakika 12 inaacha kurekodi yenyewe. Lenzi moja tu, ya milimita 50. Nilitumwa kupiga akina mama wanaobangua korosho majumbani, kazi ya mradi fulani, sekunde chache za kuwekwa kati ya wataalamu wawili wanaozungumza.

Bibi alikuwa amekaa chini kwenye kipande cha gunia, nyuma ya nyumba. Mbele yake karai bovu lililotobolewa matundu, juu ya mafiga matatu. Anamimina korosho mbichi na maganda yake, anakoroga kwa mti mrefu, na ghafla karai lote linashika moto, maana ganda la korosho lina mafuta makali yanayowaka kama dizeli. Moshi wake unakata koo. Anaacha yawake kidogo, anajua mwenyewe kiasi gani, kisha anapindua karai kwenye mchanga na kuzifukia. Zikipoa ndipo anapobangua: korosho moja juu ya jiwe, kirungu cha mti, pigo moja pembeni, pigo la pili dogo kama la kubisha hodi, ganda linafunguka na punje inatoka nzima. Punje nzima ina bei, iliyovunjika haina. Vidole kavipaka majivu ili mafuta yasimchome, na bado yanamchoma. Ncha za vidole zilikuwa zimebabuka na kupona na kubabuka tena mpaka hazina mistari.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mjukuu wangu. Kaa upande huo, moshi utakuja huku."

Nikakaa. Na hapo nikaiona ile harusi ya Mikindani inarudi: mikono myeusi kwa mafuta na masizi, ndani yake punje nyeupe kama jino, nyuma moto. Vitu vitatu, na kamera ile ilikuwa na uwezo wa kuona viwili kwa wakati mmoja, ikijitahidi. Nikanyoosha mkono wangu, nikausoma, nikafungua lenzi mpaka mikono ya bibi ikaonekana yote: majivu kwenye mikunjo, kovu kwenye kidole gumba, ukucha mmoja uliogeuka kahawia. Punje ikaungua ikawa doa la mwanga. Moto ukaungua. Sikujali. Nikasogea karibu kabisa, mikono imejaa fremu, nikapiga dakika 12, ikaacha, nikapiga nyingine.

Bibi akataka kuona. Nikamgeuzia kioo kidogo cha nyuma. Akaangalia akiwa amekunja uso, nikawa nasubiri kusifiwa.

"Kirungu kiko wapi?"

"Kirungu, bibi?"

"Mbona naona mikono tu inachezacheza? Watu watadhani nakanda unga."

Alikuwa sahihi kabisa. Nilikuwa nimesogea mno mpaka nikamnyang'anya kazi yake, nikabaki na mapambo. Nikarudi nyuma hatua moja, hatua moja tu, kirungu kikaingia, jiwe likaingia, na goti lake ambalo alikuwa akiliegemeza kiwiko ili pigo lisikosee. Sikuwa nimeliona goti. Tangu siku ile, nikipiga mikono ya mtu, najiuliza kirungu kiko wapi. Fundi cherehani, mguu wake uingie. Mama wa pweza, ule mti wa kuchokolea miambani uingie mpaka ncha. Watu wakisema kazi zangu zina "mtindo", nadhani wanamaanisha hizo hatua moja nyuma, na anga jeupe.

Filamu ya mradi ilipotoka, bibi alipewa sekunde nne. Na yule mtu wao wa kurekebisha rangi za picha, sijui alikaa nchi gani, aliona punje na moto vimeungua, akavuta kila kitu chini ili aviokoe. Punje ikawa nzuri sana. Mikono ikarudi kuwa masizi.

Kuna jambo jingine la aina hiyo ambalo mimi mwenyewe ndiye mkosaji, afadhali niliseme. Timu moja kutoka nje iliniajiri siku kumi, malipo mazuri kuliko yote niliyowahi kupata. Tulikuwa ukingoni mwa uwanda wa Newala, pale ardhi inapokatika na bonde lote la Ruvuma likawa chini yako, na jua linazama. Wanawake walikuwa wanapita na ndoo vichwani. Muongozaji akasema anataka vivuli: watu weusi tii, nyuma yao anga jekundu. Nikamwambia nikifungua kidogo tutawaona nyuso, wale watatu wa mbele wanacheka, kuna kitu wanaambiana. Akasema hapana, anga ni zuri mno. Huku kwetu kiza kinaingia haraka, hakuna muda wa mabishano. Jua likishagusa upeo una dakika chache tu. Nikafunga lenzi. Nikawapiga vivuli. Picha ile ndiyo waliyoweka kwenye bango, na watu wengi huniambia ni kazi yangu nzuri kuliko zote. Pesa yake iliezeka nyumba ya mama bati. Mvua ikinyesha namsikia mama anaibariki kazi yangu, na mimi namkumbuka yule wa katikati, aliyekuwa amegeuza shingo kwa mwenzake bila ndoo kutikisika, na ambaye uso wake sina.

Sasa turudi kwenye anga la juzi, ambalo ni la Tendaguru.

Wengi wenu mnaijua habari. Mwaka 1906 mhandisi Mjerumani, Bernhard Wilhelm Sattler, akiwa anatafuta madini, alikuta mfupa mkubwa wa dinosaria umejitokeza ardhini karibu na kilima hicho, kama kilomita 60 kutoka Lindi mjini. Kuanzia 1909 hadi 1913 jumba la makumbusho la Berlin lilichimba, Werner Janensch na Edwin Hennig wakisimamia, na mamia ya watu wa huku wakichimba kweli. Hii ni miaka michache tu baada ya Maji Maji, baada ya njaa iliyoifuata. Mifupa zaidi ya tani 200 ilitoka pale kwa vichwa na mabega ya watu mpaka bandari ya Lindi. Mmoja wa hao wanyama alisimamishwa Berlin mwaka 1937, na leo kimo chake ni mita 13.27. Yuko pia msimamizi wa kazi aliyeitwa Boheti bin Amrani. Mwaka 2007 mnyama mmoja wa Tendaguru alipewa jina linalomkumbuka, Australodocus bohetii. Miaka karibu mia moja, lakini jina lilifika.

Picha za uchimbaji ule nimezitazama mpaka macho yanatoka machozi. Sahani nyingi za kioo za kupigia picha za enzi zile hazikuuona vizuri wekundu, na ngozi yetu ina wekundu mwingi kuliko watu wanavyodhani. Kwa hiyo katika nyingi nilizoziona, mfupa unaonekana mpaka ufa wake wa mwisho, na mtu aliyeinama kando yake ana nguo nyeupe, ana kofia, na chini ya kofia hakuna kitu. Tundu. Mara ya kwanza nilipoziona nilimkumbuka mama wa Mikindani na miwani yake.

Nikaanza kwenda mwenyewe, kwa pesa zangu, na bodaboda za watu wavumilivu. Ukifika kilimani hakuna cha kupiga: majani, miti, mashimo yaliyojifukia. Nilipoteza safari mbili nikipiga majani. Safari ya tatu nilibaki Mipingo kijijini, barazani kwa mzee mmoja ambaye babu yake alikuwa miongoni mwa wapagazi. Nilimwamkia, tukala ming'oko, tukalalamikia bei ya korosho, tukamalizia kwa bei ya salfa ya kupulizia mikorosho. Kamera ilikuwa juu ya miguu yake mitatu tangu asubuhi, nimeshasoma mkono, kifuniko cha samaki nimekiegemeza kwenye ndoo, ameshaizoea kama anavyozoea kuku. Ilikuwa saa tano, nyuma yake uwanja uliofagiliwa na anga la Oktoba.

Akiwa anazungumza alivuta khanga iliyokuwa kwenye kamba, akaanza kuisokota. Sikujua anafanya nini. Aliisokota, akaizungusha kwenye kiganja, ncha akaichomeka ndani, ikawa ngata. Akaiweka kichwani. Kisha akanyamaza, na shingo ikanyooka yenyewe, taratibu, mabega yakashuka, kidevu kikaingia ndani kidogo, kama mtu anayesubiri wenzake wawili wamtwike. Alikaa hivyo. Nilihesabu baadaye kwenye mkanda: sekunde 41. Mshipa wa shingo unaonekana, jasho juu ya mdomo linaonekana, na ndani ya macho, mboni na weupe wake, kuna kidoa cha mwanga kutoka kwenye kifuniko cha boksi la samaki.

Halafu akasema: "Babu alikuwa anasema mfupa hauna pa kushika."

Akaitoa ngata, akaikung'uta, akairudisha khanga kwenye kamba, tukarudi kwenye salfa.

Hiyo ndiyo shoti ambayo kijana wangu alikuwa ameinunia. Nilipotoka kwenda kupasha chapati, yeye akafanya kazi. Niliporudi alikuwa amelikata lile anga lote kwa kufuata ukingo wa kichwa cha mzee, unywele kwa unywele, kazi safi kweli, na nyuma ameweka anga jingine alilolitoa mtandaoni. La buluu, lenye mawingu ya kujaa kama pamba. Mawingu ya nchi za watu. Ili yakubaliane na mzee ilibidi amvute chini kidogo, halafu kidogo tena.

"Sasa?" akasema.

Nikamwambia ni zuri. Nikamuuliza, mzee amesema nini pale mwisho?

Akafikiri. Akarudisha nyuma, akaongeza sauti, akasikiliza. Akarudisha tena. Kisha, bila kuniangalia, akabonyeza kufuta, mawingu yakaondoka moja baada ya jingine, na mwanga wa mzee ukapanda. Tulikula chapati zimekauka.

Alhamisi narudi Mipingo mvua hazijaharibu njia. Dereva wa bodaboda amekalia kifuniko changu kikavunjika vipande viwili, kwa hiyo kesho alfajiri nitapita feri kabla hawajafagia.